Farasi wa mbio anaacha kazi akiwa na miaka 5. Miaka 20 inayobaki anaishije?

Baba_Nyota (Lubumbashi)

Jambo yenu wote,

Wiki iliyopita bwana mmoja alifika kwenye mabanda yetu hapa Lubumbashi akitafuta farasi wa kumfundishia binti yake. Nikamtolea Nyota, jike mwekundu, mtulivu, anayebeba watoto kila Jumamosi. Akaniuliza umri. Nikamwambia ana miaka 17 na kwamba zamani alikuwa farasi wa mbio Afrika Kusini. Yule bwana alirudi nyuma hatua mbili. "Huyu ni mzee, tena mbio zimeshammaliza. Atamfia mtoto wangu mgongoni." Akaondoka.

Neno lile limenikaa kooni tangu siku ile. Natunza farasi mwaka wa 14 sasa, na mara nyingi nimesikia watu wakisema hivyo hivyo, hata watu wenye farasi wao. Kwa hiyo naomba niweke mambo wazi.

Farasi anayelishwa vizuri, akapata chanjo na kutunzwa kwato na meno, anaishi miaka 25 hadi 30. Thoroughbred, ile mbegu ya farasi wa mbio, naye ni hivyo hivyo. Kilicho kifupi ni kazi yake. Anaanza kukimbia akiwa na miaka 2. Mbio kubwa zinazojulikana, kama Derby ya Epsom kule Uingereza au Kentucky Derby ya Marekani, ni za farasi wa miaka 3 peke yake. Wengi wanaacha kabla hawajafika 6. Tena hiyo "miaka 2" ni ya kwenye karatasi: Ulaya na Marekani kila farasi wa mbio huongezewa mwaka tarehe 1 Januari, Afrika Kusini ni tarehe 1 Agosti, hata kama mama yake alimzaa miezi kadhaa baadaye. Kwa hiyo anayeitwa wa miaka miwili anaweza kuwa na miezi 20 tu.

Sasa piga hesabu. Farasi aliyeacha mbio na miaka 5, akaishi hadi 27, alikimbia miaka mitatu. Ishirini na miwili iliyobaki ni ya nini? Nani anamlisha?

Mifano ipo. Red Rum alishinda Grand National mara tatu, 1973, 1974 na 1977, mbio ndefu ya kuruka vizuizi, akafa 1995 akiwa na miaka 30. Wamemzika pale pale kwenye uwanja wa Aintree, Uingereza, karibu na mti wa kumalizia mbio. John Henry wa Marekani, dume aliyehasiwa, alikimbia mara 83 na kushinda 39, na bado alikuwa anashinda mbio kubwa akiwa na miaka 9. Alikufa 2007 akiwa na miaka 32. Man o' War alifika 30. Hao wote walikimbia, na hawakukimbia kwa mchezo.

Nyota wa miaka 17 ni mama mtu mzima, si bibi.

Kazadi_Katuba

Yaya, njo mara ya kwanza nasoma bintu bya farasi mu Kiswahili. Aksanti sana. Mi niko wa Katuba, farasi naonaka tu ku televizyo. Sasa juu ya nini huku kwetu habako bamingi? Bangombe beko, bambuzi beko, bafarasi hapana.

Baba_Nyota

Kazadi mdogo wangu, umeuliza jambo linaloniuma.

Farasi si mnyama wa huku. Mbung'o anamuua kwa ugonjwa wa nagana, kupe wanampa homa ya damu, lakini adui mkubwa ni ugonjwa wa farasi wa Afrika. Ni virusi vinavyoletwa na usubi, vile vidudu vidogo vinavyouma jua linapozama. Pundamilia anaishi navyo bila kuumwa, na nchi yetu bado ina pundamilia wachache kule hifadhi ya Upemba. Farasi asiye na kinga akivipata, ile aina ya mapafu inaua karibu wote.

Nimeiona kwa macho. Tulikuwa na dume kijana anaitwa Radi. Ilikuwa mwisho wa Machi, mvua bado zinanyesha, wakati ambao ugonjwa huu unapenda. Chanjo tulikuwa tumechoma, lakini mtu aliyetuletea alifika na sanduku ambalo barafu yake ilikuwa imeshakuwa maji ya vuguvugu. Chanjo ile ni ya virusi hai waliopunguzwa nguvu. Ikipata joto imekufa. Mimi niliyatia mkono yale maji, nikajua, na sikusema kwa sauti ya kutosha. Hilo nalibeba.

Asubuhi Radi alikula vizuri. Saa sita nikamkuta amesimama miguu ya mbele imeachana, shingo ameinyoosha, pua zimefunguka kama vikombe. Farasi mzima ana vishimo viwili juu ya macho. Vya Radi vilikuwa vimejaa na kufura. Jioni mapovu meupe yalianza kutoka puani, mengi, kama ya sabuni. Hakulala chini hata dakika moja. Alianguka kabla ya jogoo kuwika.

Tangu hapo chanjo nazifuata mwenyewe, nafungua sanduku mbele ya anayeleta, na jioni farasi wote wanaingia ndani kabla jua halijazama, na wavu kwenye madirisha. Wanatoka jua likishapanda.

Dau_la_Jumapili (Bukavu)

Mkubwa, mimi nafuata mbio za Ufaransa, zile za farasi wanaovuta kigari chenye magurudumu mawili. Kuna farasi nimewafuata miaka na miaka. Hao nao wanaacha na miaka mitano?

Baba_Nyota

Hapana, hao ni wa mbio za mwendo wa troti, yaani kukimbia bila kuruka, mbegu nyingine na kazi nyingine. Hawaruhusiwi kupiga shoti, yaani kukimbia kwa kuruka; akipiga shoti, anatolewa. Mwendo ule unaitikisa miguu kwa namna tofauti, kwa hiyo wanadumu zaidi kazini. Ufaransa wanaruhusiwa hadi mwaka wanaotimiza miaka 10, basi, hata kama bado ana nguvu.

Kama unafuata mbio za uwanja wa Vincennes lazima umesikia jina la Ourasi. Alizaliwa 1980, akashinda mbio kubwa za Prix d'Amérique mara nne: 1986, 1987, 1988, kisha akarudi kuishinda 1990 akiwa na miaka 10. Alikufa Januari 2013. Miaka 32! Alistaafu na bado akaishi miaka mingi kuliko mara mbili ya ile aliyokuwa amekwisha kuishi.

MamaFuraha_Goma

Baba Nyota, nimesoma kwa makini na ninakuheshimu, lakini mimi nina swali la moyoni. Kumpakia mtoto wa farasi wa miaka miwili mtu mgongoni na kumchapa akimbie, si ukatili? Na kwa nini akivunjika mguu wanamuua hapo hapo? Mbuzi wangu alivunjika, tukamfunga vijiti, akapona.

Baba_Nyota

Mama Furaha, naanza na mguu, hilo la ukatili nitarudi.

Mbuzi wako ana kilo 30. Farasi wa mbio ana kilo 450 hadi 550, na anakimbia kilomita 60 kwa saa na zaidi. Kwenye shoti kuna nukta ambayo mguu mmoja wa mbele unabeba zaidi ya mara mbili ya uzito wake wote. Shika mguu wa farasi chini ya goti: hakuna nyama. Ni mfupa, kano na ngozi. Mfupa ukivunjika hapo unavunjika vipande, unatoboa ngozi, mishipa ya damu inakatika, na uchafu wa uwanja unaingia.

Halafu farasi hawezi kulala kitandani wiki sita kama sisi. Akilala muda mrefu mapafu na misuli yake inaharibika kwa uzito wake mwenyewe. Akisimama, mguu mzima unabeba kazi ya ule mbovu. Hapo inakuja laminitisi, ugonjwa wa kwato. Ndani ya ukwato kuna mfupa umening'inizwa na vipande vyembamba vya nyama vilivyoshikana na ukucha kama vidole vya mikono miwili vilivyofumwa pamoja. Damu ikivurugika pale, vile vidole vinaachana, mfupa unazama ndani ya ukwato. Maumivu yake siwezi kuyaeleza.

Barbaro alishinda Kentucky Derby 2006. Wiki mbili baadaye, tarehe 20 Mei, kwenye mbio za Preakness, alivunjika mguu wa nyuma wa kulia. Wenyewe walikuwa na fedha, na hospitali ya farasi ya Chuo Kikuu cha Pennsylvania ikamtia bamba la chuma na skrubu. Mfupa ulianza kushika vizuri. Lakini laminitisi ikaingia mguu wa kushoto, ule ambao haukuvunjika, na baadaye hata miguu ya mbele. Wakamuua kwa sindano tarehe 29 Januari 2007, baada ya miezi minane. Secretariat mwenyewe, aliyeshinda mbio za Belmont za Marekani mwaka 1973 kwa kuwaacha wenzake urefu wa farasi 31, alikufa na miaka 19 tu kwa laminitisi hiyo hiyo, bila kuvunjika popote.

Kwa hiyo pazia linapowekwa uwanjani na daktari akaja na sindano, mara nyingi ndiyo huruma iliyobaki.

Veto_Bukavu

Mimi ni veterineri, daktari wa wanyama, niongeze kidogo juu ya mifupa, kwa sababu wengi wanafikiri mguu unavunjika kwa bahati mbaya ya kukanyaga shimo.

Mara nyingi uchunguzi wa mzoga unaonyesha mfupa ulikuwa na nyufa ndogo za siku nyingi. Mfupa ni kitu hai, unajijenga kufuatana na kazi. Mwanafarasi anayekimbia mwendo mfupi wa kasi, kidogo kidogo, mfupa wa miguu yake ya mbele unanenepa na kuwa mgumu kuliko wa yule aliyefungiwa bandani saa 23 kila siku. Kwa hiyo kumzoesha mapema si kosa lenyewe. Kosa ni kuongeza kazi haraka kuliko mfupa unavyojitengeneza, au kumpumzisha kisha kumrudisha kwa kasi ile ile. Na tusisahau, miguu inakomaa mapema lakini uti wa mgongo haujamaliza kukua hadi miaka 5 au 6. Farasi wa mbio wengi wanastaafu kabla mgongo wao haujakomaa.

Tumbo nalo. Tumbo la farasi linatoa asidi mchana na usiku, ale asile, kwa sababu aliumbwa kula majani saa nyingi kila siku. Wa mbio anapewa nafaka nyingi, majani machache, anakaa saa nyingi bila kutafuna. Farasi walio mazoezini wengi wao wana vidonda vya tumbo. Utamwona mkali, anasaga meno, anageuka ukimkaza mkanda wa tandiko. Watu wanasema ana roho mbaya. Anaumwa.

Mapafu: kwenye kasi kubwa mishipa myembamba inapasuka na damu inaingia kwenye mapafu. Marekani wamezoea kuwapa dawa ya furosemidi siku ya mbio kupunguza hiyo damu. Ulaya hairuhusiwi siku ya mbio.

Baba_Nyota

Asante Veto. Mama Furaha, narudi kwenye ukatili.

Sitakudanganya kwamba hakuna. Wapo wanaokimbiza farasi mwenye kano mbovu kwa sindano ya kuua maumivu. Lakini mambo yanaweza kubadilika. Marekani walianza kuandika kila kifo cha uwanjani: mwaka 2009 walikufa farasi 2 kwa kila mara 1,000 za kukimbia, mwaka 2023 imekuwa 1.32. Kilichosaidia ni kupima miguu kabla ya mbio, kubana dawa, kutunza udongo wa uwanja. Bado ni vifo, na kila kimoja kina jina.

Ila mimi ninachoogopa zaidi ni kesho yake baada ya mbio ya mwisho. Mbio wanaziangalia maelfu ya watu. Kesho yake haina anayeiangalia. Madume wachache sana wanakwenda kuzalisha, kama Frankel aliyekimbia mara 14 na kushinda zote 14, ambaye jike mmoja kupandwa naye ni fedha ya kujengea nyumba. Majike wazuri wanazaa. Wengine wote, je?

Ferdinand alishinda Kentucky Derby 1986. Akauzwa Japani kuzalisha, watoto wake hawakupendeza sokoni, na mwaka 2002 akapelekwa machinjioni. Bingwa wa Derby. Na Japani hiyo hiyo kulikuwa na jike anaitwa Haru Urara, alikimbia mara 113, akashindwa zote 113. Watu wakampenda kwa sababu hakuchoka kujaribu. Alikufa 2025 akiwa na miaka 29, ametunzwa mpaka mwisho.

Nikiwafikiria hao wawili pamoja sipati usingizi vizuri.

Ngong_Road

Nairobi hapa. Kwetu Ngong mbio bado zipo, na farasi wakistaafu wengi wanaenda kwenye polo au shule za kupanda. Nimepanda mmoja aliyekimbia Kenya Derby. Mpole kabisa, ila usimpitishe kando ya farasi mwingine anayekimbia!

Kazadi_Katuba

Yaya, na huyu Nyota alifika namna gani mpaka huku?

Baba_Nyota

Alifika na lori kupitia mpaka wa Kasumbalesa, usiku, akiwa na miaka 5. Siku nyingi barabarani. Tuliposhusha mlango alishuka polepole, akasimama, mguu wa mbele wa kulia ameunyoosha kidogo mbele ya mwenzake. Aliyetuuzia alisema ameumwa na mdudu.

Nikainama na tochi. Kano ya nyuma ya mguu wa farasi mzima unaisikia kama kamba iliyokazwa, imenyooka, unaweza kuipitishia vidole pande mbili. Ya Nyota ilikuwa imepinda nje katikati, kama ndizi imefichwa chini ya ngozi, na ya moto. Mdudu haumi hivyo. Ile ni kano iliyochanika mbioni.

Maji baridi ya mpira dakika 20, mara tatu kwa siku, wiki nzima. Bandeji. Veterineri akapima na kusema mwaka mmoja. Miezi ya kwanza ni kutembea tu kwa mkono, dakika kumi, kisha kumi na tano, mimi na yeye tunazunguka uwanja asubuhi yenye baridi ya Juni, pumzi zetu zinatoa moshi. Mwenye banda alitaka kumwondoa mara mbili. Nilimwomba asubiri. Baada ya miezi 11 alianza troti, na hajawahi kuchechemea mguu ule tena. Uvimbe bado upo. Watoto wanauita ndizi ya Nyota.

Mutombo_K (Lubumbashi)

Papa, mimi nimepewa bei ya farasi wa miaka 6 aliyetoka mbioni, nataka awe wa mke wangu na watoto. Baada ya kusoma hapa nimepata moyo na woga pamoja. Niangalie nini?

Baba_Nyota

Ndugu Mutombo, miaka 6 ni umri mzuri. Nenda na veterineri, si na rafiki anayependa farasi. Lakini wewe mwenyewe anza na miguu. Inua mguu, legeza, pitisha vidole kwenye kano kuanzia goti hadi chini, kisha fanya mguu wa pili, ulinganishe. Joto ni alama mbaya kuliko uvimbe wa zamani. Mwone akitembea na kutroti kwenye ardhi ngumu. Kichwa kikiinuka kila mguu mmoja wa mbele unapogusa chini, mguu huo unauma. Tazama kwato: mistari iliyopinda, mipana kisigino na myembamba mbele, inasema laminitisi imeshapita hapo. Umri wasome kwenye meno, usiamini mdomo wa muuzaji.

Akifika kwako usimpakie mtu miezi miwili au mitatu ya kwanza. Mwache nje na farasi mwenzake, majani mchana kutwa, nafaka upunguze polepole kwa wiki mbili au zaidi. Ukibadilisha chakula ghafla atapata koliki, maumivu makali ya tumbo, na farasi hawezi kutapika, kilichoingia kimeingia. Jifunze kuweka sikio ubavuni mwake akiwa mzima, usikie yale maji na ngurumo. Siku utakaposikia kimya, mwite daktari usingoje kesho.

Na mke wako aambiwe jambo hili: farasi wa mbio amefundishwa kwamba mpandaji akishika hatamu kwa nguvu, ni wakati wa kuegemea na kukaza mwendo. Nyota alinifanya hivyo siku ya kwanza. Nikavuta ili asimame, akadhani tumefika mita mia nne za mwisho. Tulizunguka uwanja mara tatu. Nilipolegeza mikono na kuvuta pumzi ndefu, akapunguza mwenyewe. Kumfundisha lugha mpya kulichukua mwaka mwingine. Mtoto asimpande kabla ya mtu mzima anayejua kumpanda wiki nyingi.

Nitumie picha ya mguu nitakuangalizia, na Veto akikubali atakuangalizia pia.

Saa kumi na moja imefika hapa, wingu limeshuka na usubi wataanza kutoka. Nakwenda kuwaingiza ndani.

Veto_Bukavu

Nakubali. Picha zipigwe kutoka ubavuni, miguu yote miwili, bila bandeji.